Wimbo wa Kuita Mtumbwi

Kwa mdogo wangu Melania, hapo Lumemo.

Marahaba, maana najua shikamoo umeshaitoa ulipouona mwandiko wangu. Vipi goti? Mpunga mmeshavuna au ndege wamewatangulia? Mimi mwili mzima. Baridi ya huku Ujerumani imewashinda wenyewe, mimi natembea bila kofia mpaka wananishangaa.

Nakuandikia kwa mkono wangu, usicheke herufi. Simu ya hapa ni ya mjukuu wetu Flora, na hili sitaki alisikie.

Unajua alinileta kwa ajili ya filamu yake ya watu waliohama na hadithi walizohama nazo. Nikamwambia Ifakara nzima, wazee wakikaa kusimulia, mimi ndiye wanayemwachia mwisho. Basi wakanikalisha, wakawasha taa, nikaanza ile ya babu zetu walivyoshuka kutoka Mahenge wakavuka mto Kilombero. Nilisimulia, Melania! Hata mpiga kamera, asiyejua Kiswahili, alisahau kufumba mdomo. Nikafika pale binti ameachwa ng'ambo peke yake, na mtumbwi haurudi kumchukua mpaka aimbe. Nikafungua mdomo niimbe. Hamna kitu.

"Babu, imba basi," Flora akasema.

"Taa zako zinaniunguza. Zima!"

"Babu, taa hizi hazina joto."

"Nimesema zima!"

Wakazima. Mwisho wa mwezi wanawasha tena.

Tangu siku hiyo sina kazi nyingine. Nautafuta huo wimbo nikinyoa ndevu, nautafuta nikivaa viatu, haupo. Na unakumbuka Mama alivyoanza. Zilimtoka kichwani nyimbo za kanisani, yakafuata majina, mwisho akaniuliza mimi, mtoto wake wa kwanza, nimekuja kwa nani pale nyumbani. Naogopa, mdogo wangu. Neno hilo sijawahi kuliandika.

Halafu jana nikawaza. Tukisimulia ile hadithi, mimi nilikuwa nasema, wewe ndiye ulikuwa unaimba. Tangu utoto wetu nilikuwa nanyamaza hapo, nakungoja umalize, naendelea. Sasa labda sikusahau. Labda sijawahi kuujua.

Sista anayekuletea barua hii anarudi huku baada ya wiki mbili. Mwimbie aurekodi kwenye simu yake, polepole, mpaka mtumbwi ufike. Na unijibu: niliwahi kuuimba mimi? Kama hapana, mwambie mkwe wako, anayekuandikia barua, aandike HAPANA, kubwa, nisihangaike na miwani. Kama niliuimba hata mara moja ukanisikia, msiandike kitu. Leteni wimbo peke yake.

Msalimie shemeji yangu, mumeo, na binti yangu Anjela kule Mngeta. Mwambie baiskeli yangu asimpe mtu, nitakuja kuipanda mwenyewe.

Ni mimi kaka yako mkubwa, Severini. Majina yote humu nimeandika bila kumuuliza mtu.