Salamu ya kutoka pembeni

Mujukuu wangu Asha,

Huku Kasongo tuko wazima, na mupunga wa mama yako umeiva vizuri. Unauliza: shida yako ni kutoona mbali tu, mbona munganga anataka kukupima glakoma, ule ugonjwa wa macho?

Dada yangu Zuhura pia hakuona mbali, lakini kwenye muchele hakuna jiwe lililomuponyoka. Siku moja ya Idi mama mukwe wake alimusalimia kutoka pembeni, naye akaendelea kuchagua muchele tu. Sote tukasema ana majivuno. Kumbe glakoma, inayopenda macho kama yetu yasiyoona mbali, ilikuwa imekula nguvu yake ya kuona pembeni, bila maumivu.

Mimi nilipimwa mapema, natia dawa kila jioni. Nenda, mama. Ukirudi, unisalimie kutoka pembeni. Nitakuitikia.

Babu yako