Nilinyanyua Kibendera, Timu ya Mama Ikashuka Daraja

Mpendwa mshauri,

Nisaidie, maana nimefika mahali hata kiti kimenikataa, nikikaa nasimama, nikisimama natembea, nikifika mwisho wa barabara sikumbuki nilikuwa naenda wapi, narudi. Hata barua hii naiandika nimesimama, karatasi iko juu ya friji, na sijui kama mwandiko utausoma, lakini nivumilie, kwa sababu nisipoyatoa haya yatanitoa mimi.

Mimi ni mwamuzi msaidizi wa ligi kuu, wale mnaowaita washika vibendera, mwanamke, sijaolewa, na ninaishi na mama yangu katika nyumba ambayo chumba cha mbele ndicho anachoshonea. Mama ni fundi cherehani. Anashona sare za shule na magauni kama mafundi wengine, lakini kilichompa jina mjini ni jezi na bendera za timu yake, timu aliyoipenda tangu mimi sijazaliwa, na si shabiki wa kukaa pembeni akila karanga, hapana, ndiye anayeongoza nyimbo za jukwaa zima, ana kipaza sauti chake cha mkononi anachokilinda kuliko macho yake. Mpira nimeujulia kwake. Kutembea nilijifunza kwenye ngazi za jukwaa lile. Hata kuotea ni yeye aliyenifundisha, kwa visoda juu ya meza ya kukatia vitambaa, anavipanga na kuniuliza, "Huyu beki wa mwisho, huyu wetu, mpira unatoka hapa. Haya, ameotea au hajaotea?" Nikikosea ananipiga kikofi cha mkono, nikipatia ananipa kipande cha kitambaa.

Nilipofuzu uamuzi tulicheka mpaka machozi, kwa sababu ule wimbo wanaoimbiwa waamuzi kwenye jukwaa lao, "Hukulelewa, ulilishwa tu!", mtunzi wake ni mama. Nikamwambia, mama, siku nikija kwenu usije ukanitandika na wimbo wako. Akasema, "Ukichezesha vizuri sikuimbi. Ukiboronga nitakuimba, halafu nitakupikia."

Sasa msimu huu timu yake ilianza vibaya ikaendelea vibaya, kocha akafukuzwa, akaja mwingine naye akawa yuleyule kwa sura nyingine, kipa akavunjika kidole, na yule mfungaji wao wa kutegemewa wakamuuza katikati ya msimu, na kila mwisho wa juma mama anarudi sauti imekauka, anakunywa maji ya moto, haongei. Tukawekeana sheria kwamba mpira hauzungumzwi mezani, mimi siulizi wamefanyaje, yeye haulizi nimepangiwa wapi. Na kwa bahati kamati ya waamuzi haikuwahi kunipangia mechi yao hata moja.

Ikafika siku ya mwisho ya ligi, na timu ya mama ilikuwa ishinde au ishuke, sare isingewasaidia. Mimi sikupangiwa mechi. Mama aliondoka mapema na kundi lake, nikamuaga nikamwambia nakwenda mazoezini na wenzangu, na kweli nikaenda, ila nikiwa huko nikapigiwa simu kwamba mshika kibendera wa mechi ile ameteguka mguu kwenye ngazi za hoteli, nikimbie. Nikampigia mama, simu imezimwa, siku ya mechi huizima, anasema ina mkosi. Nilipofika nikamwambia kamisaa wa mechi, mzee mwenye kitambi na haraka zake, "Mzee, mama yangu ni shabiki wa timu hii, tena si shabiki mdogo." Akacheka. "Binti, ukiniletea mwamuzi ambaye kwao hakuna shabiki, nitampa cheo changu. Vaa."

Nikavaa.

Jukwaa la mama lilikuwa ng'ambo, upande wa pili wa uwanja, na sauti yake ilinifikia kwa kipaza sauti ikipanda na kushuka, na sikufichi, nilifurahi kuisikia, nilikimbia vizuri siku ile. Mechi ikaenda bila goli mpaka watu wakaanza kuangalia saa. Ndipo mpira mrefu ukatoka katikati, mshambuliaji wa timu ya mama akachomoka, na mimi nilikuwa sambamba na beki wa mwisho, sambamba kabisa, nikaona goti na bega lake vimeshampita beki kabla mpira haujapigwa. Ameotea. Lakini hapa nakuomba usinihukumu haraka, mshauri, mkono wangu ulikuwa mzito. Kwa kufumba na kufumbua nilimwona mama na maji yake ya moto, nikajiambia, nikiuacha mkono chini nani atajua? Halafu ukanyanyuka. Mpira ulikuwa umeshatinga wavuni, uwanja umelipuka, watu wanabebana, na kibendera changu kiko juu.

Filimbi. Halafu wimbo, "Hukulelewa, ulilishwa tu!", na aliyeuanzisha kwenye kipaza sauti ni mama yangu mzazi, sauti ile ile iliyonibembeleza nikiwa na surua. Wachezaji wakanizonga, refa anawasukuma, chupa za maji zinaruka, kamera ikanisogelea mpaka nikauona uso wangu kwenye skrini kubwa ya uwanjani, jasho linanichuruzika, na wimbo ukaendelea, ila kipaza sauti sasa kikawa na mwanamume, nikajua mama ameshamaliza sehemu yake ya kunitukana, amewaachia wenzake.

Wakashuka daraja. Marudio ya televisheni yalionyesha nilikuwa sahihi, wachambuzi wakachora mistari yao, kamati ikanipongeza, na pongezi zile zilinichoma kuliko matusi. Niliporudi nyumbani chakula kilikuwa kimefunikwa mezani na mlango wa mama umefungwa. Asubuhi akanipita koridoni kama anavyolipita kabati.

Siku chache baadaye akaja mpuliza tarumbeta wa jukwaa lao, wenyewe wanamwita Tarumbeta, na wenzake nyuma, wamenuna. Mimi niko nyuma ya pazia. Nikamsikia, "Mama, tunaambiwa yule mshika kibendera analala humu. Ni kweli ni damu yako?" Cherehani ikanyamaza. Mama akasema, "Ni mpangaji wangu." Cherehani ikaendelea.

Mpangaji! Mimi, mtoto wake wa pekee!

Tangu hapo maneno yetu yanapitia kwa mama mdogo, mdogo wake mama, anayekaa mtaa wa pili na ambaye sasa haishi kuja. Juzi kaniambia, "Dada anataka uende kwenye mkutano wa mashabiki ukaseme ulikosea. Neno moja tu, mwanangu, yaishe. Litakuponza nini?" Litanikosesha kazi, na juu ya hayo ni uongo. Lakini nikiziona bendera alizozishona zimerundikwa pembeni, nikimsikia anashona bila kuimba, mama ambaye hata kitufe hakishoni bila wimbo, ulimi unanicheza, nakaribia kukubali.

Na kuna jingine linalonitisha zaidi. Wiki iliyopita nilishika kibendera kwenye mechi ya kirafiki, nikamnyanyulia winga ambaye hakuwa ameotea hata kidogo, yaani niliharakisha, niliogopa mkono usije ukawa mzito tena. Kocha wao akaniangalia tu, akatabasamu, na tabasamu lile natembea nalo mpaka leo. Ligi mpya iko mlangoni na kamati inataka jibu kama nipo au sipo. Nikaseme nilikosea nimpate mama? Nirudishe kibendera nikatafute kazi ya kukaa? Au nibebe begi langu nihame kimyakimya, maana mpangaji akihama hadai kuliliwa?

Nijibu upesi.

Mimi,
Nisiyetulia

MSHAURI ANAJIBU

Wewe usiyetulia, kwanza shuka kwenye friji, vuta kiti ukae. Majibu ya kusomwa kwa kusimama hayaingii.

Pole, mwanangu. Kutukanwa na uwanja mzima ni sehemu ya kazi uliyoichagua. Kutukanwa na mama kwa kipaza sauti hakumo kwenye mkataba wa mtu yeyote, na atakayekwambia ujikaze hajawahi kuwa na mama.

Umeniomba nisikuhukumu haraka. Nimekuhukumu taratibu, nimekuta huna kosa. Mkono ulikuwa mzito? Ulitaka uwe mwepesi, wakati unayemvunja moyo ndiye aliyekuzaa? Ligi haikukuajiri usimpende mama yako. Ilikuajiri unyanyue kibendera mtu akiotea, nawe ukanyanyua. Kosa lako ni lile la wiki iliyopita, la winga wa watu. Siku ile hukuwa unaangalia mpira, ulikuwa unaujaribu mkono wako, na mchezaji asiye na hatia akalipia. Mwandikie kocha yule ujumbe, mwambie ulikosea. Yeye ndiye anayekudai radhi hiyo, si mkutano wa mashabiki.

Kwa hiyo usiende kwenye mkutano huo. Ukisema uongo leo kwa ajili ya mama, kesho kila goli ulilowahi kulikataa litafufuka likudai, na timu iliyoshuka haitapanda kwa ulimi wako. Lakini hebu nikuulize: mama yako mwenyewe amekwambia uende? Au amesema mama mdogo? Wasemao mjumbe hauawi hawakusema mjumbe haongezi chumvi. Mama mdogo anakupenda, sina shaka, ila mmemgeuza balozi, na balozi akishazoea safari hataki nchi zipatane. Mnalala nyumba moja, mnatenganishwa na pazia, halafu mnatumiana salamu kutoka mtaa wa pili! Mshukuru, mwambie apumzike.

Sasa nikugombeze kidogo. Wewe kazi yako ni kuangalia, lakini barua yako mwenyewe hukuiangalia. Ulimuaga mama ukisema unakwenda mazoezini. Simu yake ilikuwa imezimwa. Alikuwa ng'ambo ya uwanja, na kutoka ng'ambo mwamuzi ni sare yake tu, hana sura. Aliimba sare ile, kama alivyoziimba nyingine zote. Kisha uso wako ukatokea kwenye skrini kubwa, na papo hapo, kwa maneno yako mwenyewe, kipaza sauti anachokilinda kuliko macho yake kikawa mkononi mwa mtu mwingine. Wewe unasema alimaliza kutukana. Mimi nimezaa, nasema nguvu zilimwisha. Fikiria wimbo wenyewe unasema nini, na aliyekulea ni nani. Mama yule alijitukana mbele ya watu kwa sauti yake na kwa mashairi yake. Ukishafanya hivyo utatokea na uso gani koridoni? Utampita mwanao kama kabati, si kwa kuwa humwoni.

Huenda nakosea. Sikuwepo. Lakini hata wewe uliyekuwepo hujui, kwa sababu hujamuuliza.

Hilo la mpangaji simtetei. Kumkana mtoto kunauma, na ana deni la kukwambia kwa nini. Ila kabla hujalibeba neno hilo mpaka kaburini, kumbuka waliokuwa mlangoni ni wanaume wenye hasira, wa jukwaa lile lile lililokutukana, na wewe ulikuwa nyuma ya pazia. Wapo wanaokana kwa aibu, na wapo wanaokana ili mlango usivunjwe. Yeye alikuwa yupi? Hilo nalo la kuuliza.

Kuhusu kazi, waambie kamati upo. Kwa maandishi, waeleze kwamba mama yako ni kiongozi wa mashabiki na hutaki kupangiwa mechi ya timu ile popote watakapocheza, hata kama aliyepangwa ameteguka miguu yote miwili. Maneno ya kamisaa mwenye kitambi yanachekesha, lakini hayatakulinda. Na ombi hilo ungelipeleka siku ile ile ulipofuzu, badala ya kutegemea bahati msimu mzima. Wiki hizi zilizobaki fanya mazoezi na wenzako, kosea huko, cheka huko, mpaka mkono urudi kuwa mkono.

Na ndiyo, hama. Umeshakuwa mtu mzima, na mshika kibendera wa ligi kuu hawezi kulala kwenye nyumba inayoshona jezi za timu moja, watu watasema, na safari hii watakuwa na haki ya kusema. Tafuta chumba chako. Lakini hutahama kimyakimya, usinitie hasira. Utahama mchana, mama akijua, na ikibidi akikufungia vyombo kwa mikono yake huku amenuna.

Kwa hiyo usimngoje mama mdogo, wala usingoje ligi ianze. Leo, akishamaliza kazi, ingia chumba cha mbele, kaa pale wanapokaa wateja. Usianze na kibendera, usianze na goli. Mwambie, "Mama, siku ile nilikuwa nakusikia, na nilikuwa nafurahi, mpaka uliponiimba. Ulijua ni mimi?" Halafu nyamaza. Akilia, mwache alie. Akifoka, mwache afoke. Asiposema kitu, usiinuke, usitafute mlango, usiende kutembea. Ulisimama mbele ya uwanja mzima ukikutukana na hukusogea hata hatua moja. Kukaa kimya na mama yako mpaka aongee hakuwezi kukushinda.