Msimu wa Rehema

Jumatano, 9 Oktoba
Nimerudi kutoka wodini nikakuta soksi za Rehema zimelowekwa kwenye sinki la bafu, maji yamekuwa tope. Nimezifua. Timu ya wasichana ya chuo chao imeshinda tena. Ameniambia kutoka chumbani kwake, kwa Kiingereza kama kawaida, nami nikamjibu kwa Kiswahili. Sikuuliza zaidi. Sipendi mpira. Baba yake alianguka uwanjani Jumapili moja, hapa hapa Ilford, London, akicheza na wenzake wa kutoka Tanga. Moyo. Rehema alikuwa na miaka tisa, amekaa pembeni ameshika koti la baba.

Jumamosi, 16 Novemba
Wanaongoza ligi. Anacheza beki wa kati, na kocha wao, Fiona, mama wa Kiskoti, amempa unahodha. Amefurahi hadi amekula ugali bila kunung'unika. Akanialika mechi ya Jumatano. Nimesema niko kazini. Siko kazini.

Jumapili, 12 Januari
Tumetoka kanisani. Kwenye ngazi za stesheni Rehema amesimama katikati, anahema, mkono kifuani. Eti mafua tu. Mimi ni muuguzi, hiyo "mafua tu" nimeisikia mara nyingi. Baba yake alipofariki, Rehema alipimwa moyo, ukaonekana mzima, ila daktari alisema apimwe tena akishakua. Nimemkumbusha.
"Baada ya msimu, Mama."
Naogopa. Basi.

Jumatatu, 13 Januari
Tumegombana.
"Wakikuta kitu wataninyima mpira," kasema.
"Na kama kipo, na hakuna aliyekiangalia?"
Kafunga mlango. Ana miaka kumi na tisa, siwezi kumburuta hospitali. Ninayo namba ya Fiona. Nimeifungua kwenye simu, nimeitazama, nimeifunga. Nikimwambia kocha, mwanangu hatanisamehe. Halafu naona aibu kuwaza hivyo. Asinisamehe, lakini awe hai.

Jumanne, 14 Januari
Nimeamka nimekusudia kupiga. Nikamkuta jikoni, ameshachemsha chai, macho yamevimba. Kumbe yeye mwenyewe kamwambia kocha, jana ile ile. Fiona kamsimamisha mpaka apimwe moyo na majibu yatoke. Alinieleza yote kwa utulivu kama mtu mzima. Nilipomshika bega ndipo akalia. Tulikunywa chai imepoa.

Jumatano, 29 Januari
Wamecheza bila yeye. Wamefungwa mbili. Alikaa benchi na koti kubwa, akawapigia wenzake kelele mpaka sauti imekauka. Timu iliyo nafasi ya pili imewakaribia. Hakunilaumu. Afadhali angenilaumu.

Alhamisi, 6 Februari
Kipimo. Nilivaa gauni la kawaida, sikutaka kuwa muuguzi leo. Wakampaka jeli kifuani, akasema baridi. Kisha moyo wake ukatokea kwenye skrini, unafumba na kufumbua. Nimeona mioyo mingi kwenye skrini kama ile. Huu sikuweza kuusoma. Nilimshika kidole gumba cha mguu, maana ndicho kilichokuwa karibu.

Jumatano, 19 Februari
Mzima.
Moyo hauna neno. Kukosa pumzi kule ni kifua tu, pumu nyepesi, kapewa dawa ya kuvuta. Kanipigia nikiwa kazini. Nimeingia stoo ya mashuka nikalia, mwenzangu akafungua mlango, akaniona, akaufunga taratibu. Mungu ambariki.

Jumatano, 5 Machi
Amerudi uwanjani, wameshinda tatu bila. Mechi iliyobaki ni moja, dhidi ya hao hao wa pili. Sare inatosha kuwapa ubingwa. Hakunialika. Nimemwambia nitakuja. Akaenda kunitafutia soksi nene.

Jumatano, 12 Machi
Nimekwenda. Mvua ya manyunyu, wazazi wachache, mwavuli wangu unapinduliwa na upepo. Kila aliporuka kupiga kichwa nilifumba macho. Nikasikia wenzake wanavyomwita, Rema, Rema, kila mpira ukija. Hadi leo sikujua kwamba wanamtegemea hivyo.
Karibu na mwisho wapinzani wakapiga shuti, likagonga mwamba likarudi uwanjani. Rehema na mshambuliaji wao wakaurukia mpira pamoja. Wakaanguka. Yule akainuka. Wangu hakuinuka.
Sikumbuki kuanza kukimbia. Nilikuwa nimeshafika katikati ya tope, mwamuzi ananipungia nitoke, mwavuli sijui niliutupa wapi. Rehema akainua uso, pua inatoka damu.
"Mama, toka uwanjani. Niko sawa."
Nikampa leso, nikatoka. Wote wakacheka, hata wapinzani. Mpira ukaendelea na yeye ndani yake.
Bila kwa bila. Mabingwa. Wasichana walirukiana wakaangukiana kwenye maji. Fiona alinikumbatia. Kisha Rehema akaniletea kombe nilishike. Lilikuwa zito kuliko nilivyodhani. Nikasema, "Baba yako angelia." Akasema anajua.

Jumapili, 16 Machi
Amelala mpaka mchana. Nimepika maharage ya nazi, amekula mara mbili. Kisha akakaa sakafuni kati ya magoti yangu nimsuke. Alisimulia mechi kuanzia filimbi ya kwanza, nami nikauliza maswali ya kijinga, akayajibu yote. Nilipofika nusu ya kichwa sauti ikakatika. Amesinzia, shavu juu ya goti langu, pumzi zake nazisikia. Mguu umekufa ganzi. Sijausogeza.