Maneno Niliyoyaficha Kisimani

Mjukuu wangu Chebet,

Salamu nyingi kutoka huku kwetu Mau. Sisi tu wazima, na mama yako amepata asali nzuri msimu huu. Tumefurahi kusikia umezoea kazi ya hoteli huko Doha.

Umeniuliza kama nami niliwahi kuona haya kuongea Kiogiek, lugha yetu, mbele ya watu. Niliwahi.

Nilikuwa msichana wa shule walipokuja watu wa mradi kutuchimbia kisima, nikawa mkalimani wao. Nyanya yangu, akiwa amejitanda vazi lake la ngozi, aliwaonyesha bonde moja akasema, "Pale maji hayakauki." Wageni wakaniuliza amesema nini. Nilimwonea aibu, nikajibu, "Anawasalimu tu."

Wakachimba kando ya barabara siku nne, wakapata vumbi tupu. Walipoanza kufungasha vyombo waondoke, nilimkimbilia fundi mkuu.

"Sikukwambia ukweli," nikasema. "Nyanya anajua maji yalipo."

Akamwendea nyanya. "Mama, tafadhali tuonyeshe."

Safari hii nilitafsiri kila neno. Nyanya akatangulia, nao wakamfuata na mitambo yao. Maji ya bonde lile tunayanywa mpaka leo.

Kwa hiyo wenzako wa chumbani wakicheka unapoongea nami kwenye simu, usishushe sauti. Wakiuliza unasema nini, waambie yote.

Ni mimi nyanya yako, ninayekuombea kila siku.