Pale Kwenye Kona, Mwalimu Saa Kumi

Mwaka umekatika, Baba, tangu alasiri ile ulipoanguka karibu na kibendera cha kona. Timu yako ya wasichana ilikuwa inaongoza kwa bao moja, na mpira ukaendelea kuchezwa kidogo, maana kila mtu alidhani umeinama kufunga kamba za viatu.

Katika sekondari ya mji wetu mdogo walikuita Mwalimu Saa Kumi. Ulifundisha jiografia vizuri tu, lakini jicho lako lilikuwa dirishani, likisubiri saa ya mazoezi. Ulirudi nyumbani una vumbi hadi kwenye kope, umebeba jezi za timu nzima. Mama alizifua huku akinung'unika kwamba hakuna aliyemwambia anaolewa uke wenza na mpira. Ulimbembeleza miaka yote aje kutazama mechi hata moja. Hakuja.

Baada ya kukuzika, kona ile ikawa kama ina mwenyewe. Wasichana waliacha kuikanyaga. Mpira ukielekea huko, waliuacha utoke. Winga wako, yule asiyeshikika kwa mbio, akifika pale alikata ndani kama aliyegonga ukuta. Kitinda mimba wako, golikipa, alituambia anakusikia upande ule unahema kwa shida, kama siku ile. Akavua glavu, akasema hachezi tena. Nasi tungemkanya vipi? Jioni upepo ukisukuma mlango wa uani, Mama bado aliinuka kukupokea jezi.

Timu ikawa ya kufungwa tu. Mkuu wa shule alimwita Mama, akamweleza kwa heshima kwamba ataivunja. Watoto wanaogopa, na wazazi wameanza kulalamika. Mama alimsikiliza mpaka mwisho, akaaga. Hakurudi kwenye cherehani yake. Alishuka uwanjani, mazoezi yakiendelea, akaenda moja kwa moja mpaka kwenye kona, akaketi chini, akanyoosha miguu.

Wasichana wote wakasimama.

"Mume wangu alianguka hapa mimi sipo," akawaambia. "Leo nipo. Nyie chezeni, hata mkinirushia vumbi."

Walichukua muda. Kisha winga akaja na mpira, akasita, akampita Mama kwa karibu hata upindo wa gauni ukapepea. Krosi yenyewe ilikuwa mbovu. Hakuna aliyecheka.

Njiani, kitinda mimba, aliyekuwa akichungulia kutoka dirisha la darasa, alimuuliza Mama kama amesikia chochote pale kwenye kona.

"Nimemsikia," Mama akajibu. "Anahema kweli. Lakini si kwa maumivu, mwanangu. Anahema kama mtu aliyetoka kukimbia."

Wiki iliyofuata binti alisimama golini. Alifungwa mabao matatu, na timu haikuvunjwa.

Hujaondoka pale, Baba, na hatukufukuzi.

Unakumbukwa na mkeo, ambaye siku hizi hakosi mechi na bado haelewi kuotea ni nini, wanao watatu, dada yako mkunga, wakwe, wajukuu, walimu wenzako, na wasichana wote uliowafundisha kukimbia.

Tunakukumbuka leo, na daima tutazidi kukukumbuka.