Udugu wa Daktari Harlan

Jumatatu, 9 Machi 1998

Nimemwogesha Daktari Harlan, nimebadilisha shuka, nimefungua bandeji. Kidole gumba cha mguu kimekuwa cheusi. Kinanuka. Mzee wa miaka zaidi ya tisini, ana kisukari, na hataki antibaotiki. Ni punje zake za homiopathi tu: dawa iliyozimuliwa kwa maji mpaka haionekani tena.

Nimepigia simu ajensi iliyoniajiri kumtunza. Wanasema ana akili timamu, asilazimishwe. Nimelia jikoni.

Jumatano, 11 Machi

Wekundu umepanda hadi kifundo. Mama Furaha, Mkongomani anayenipokea zamu, ameangalia akaziba mdomo. "Huyu muzee anaoza akiwa muzima." Nesi alikuja kumsihi. Kafukuzwa.

Mchana homa ilimfanya aongee. Kumbe chuo chao cha homiopathi kilikuwa na udugu wa wanafunzi. Nyumba moja, meza moja, wimbo wao, kiapo chao. Halafu chuo kikageukia udaktari wa kawaida. Wanafunzi wapya hawakuja. Wakabaki vijana watatu kwenye nyumba kubwa: yeye, Emmett na Clyde. Clyde akapata nimonia. Wenzake wakamtibu wenyewe, kwa punje hizi hizi. Akafia chumbani kwake. Baada ya mazishi Emmett akasema udugu ufungwe. Akang'oa kibao cha mlangoni, akaenda kusomea udaktari ule mwingine. Hawajasemezana tangu hapo. Emmett yu hai, Houston, mwendo wa saa nne kwa gari kutoka hapa.

"Nikimeza dawa zao," Daktari akaniambia, "nitakuwa nimekubali kwamba tulimuua Clyde."

Basi ndiyo hiyo. Nimejua, na sina la kufanya. Nina hasira naye. Nampenda pia, mzee huyu mbishi.

Alhamisi, 12 Machi

Asubuhi hakunitambua kwa muda. Nimeogopa sana.

Nimeomba namba ya Emmett kwa opereta wa simu. Amepokea mwenyewe. Nikamwambia ninamhudumia Harlan, akauliza: "Bado ananichukia?" Nikasema sijui, ila mguu unakufa. Emmett haendeshi gari tena. Kesho nina ofu. Nitamfuata. Ajensi wakijua nimeingilia mambo ya mgonjwa, kazi sina.

Ijumaa, 13 Machi

Houston na kurudi. Mgongo umekufa ganzi.

Emmett ni kazee kadogo, mkongojo, suti ya kijivu. Tulipokaribia Corsicana, mji wa njiani, akaomba nisimame. Nilidhani anataka nimrudishe. Akashuka, akasimama ameshika mlango, malori yakipita. Akapanda tena. Nikakanyaga mafuta nikiomba Mungu.

Garland, nyumbani kwa Daktari, saa kumi na moja jioni. Harlan alipomwona akageukia ukuta. Emmett akakaa kitandani bila kukaribishwa.

"Hatukumuua Clyde. Penisilini haikuwepo, Harlan. Hata hospitali isingemwokoa."

"Sasa udugu uliufungia nini?"

"Nilishindwa kupita mbele ya chumba chake. Ni hivyo tu. Kila asubuhi nilikuwa nashindwa."

Nilikuwa nimesimama mlangoni na beseni, siwezi kuingia, siwezi kutoka.

"Dawa ya Clyde haikuwepo," Emmett akasema. "Yako ipo."

Mzee akalia kwa sauti. Sijawahi kumsikia akilia. Halafu akanigeukia: "Haya. Piga simu."

Nilikosea namba. Namba ya ambulensi, tarakimu tatu, nikakosea.

Jumapili, 15 Machi

Wamekata mguu chini ya goti. Daktari wa upasuaji anasema angechelewa kufika kidogo tu, wangempoteza. Sikwenda kanisani. Emmett amelala kwenye kiti cha wodi, viatu ameviweka chini ya kitanda cha mwenzake. Amekataa hoteli.

Ajensi wamejua. Nimepewa onyo. Nilitaka kuandika kwamba sijali. Najali. Naogopa.

Alhamisi, 2 Aprili

Kazi bado ninayo. Daktari yuko nyumbani, dhaifu, lakini homa imekwisha. Emmett alirudi Houston wiki iliyopita kwa basi. Waliagana wakibishana ubeti wa pili wa wimbo wao unaanzaje. Hakuna mwingine duniani wa kuwaamulia.

Leo Daktari amemeza vidonge vyote vya hospitali, hakuuliza ni vya nini. Akaangalia nje.

"Hivi Houston kunanyesha?"

Nikamwambia sijui. Nikamsogezea simu, nikaenda kuanika shuka.