Pazia la Chumba cha Mama

Mpendwa mshauri, nisaidie, maana nimefika pabaya na sina wa kumweleza. Mama yangu ni mchoraji, mimi natengeneza filamu, na mwaka huu niliamua kumrekodi kwa filamu isiyo na hadithi wala maneno, ni jua tu linaloingia dirishani asubuhi na kutembea juu ya kitambaa chake cha kuchorea, na mkono wake ukilifuata kwa rangi mpaka litoke, kwa sababu nilitaka watu waone kwamba mama hachori chungu wala kiti, anachora mwanga. Mwezi wa pili nilimpeleka mama kwa daktari wa macho, akaniita pembeni, akasema jicho lake la kulia limekwisha, la kushoto linaweza kuokolewa akikaa mbali na jua kali, "Mweleze mama taratibu," na mimi mpaka leo sijamweleza, kila asubuhi nafungua pazia namkalisha palepale, kwa sababu, Mungu anisamehe, kadiri macho yanavyofifia ndivyo rangi zake zinavyozidi kuwaka, hata kivuli anakipaka nyekundu, na filamu inazidi kuwa nzuri. Jumatatu aliniuliza, "Mwanangu, pazia umefungua kweli? Mbona giza?" Nikamjibu, "Kuna wingu, mama." Jua lilikuwa linamchoma mikono. Akasema basi tusubiri lipite, akakaa na brashi mkononi, na kamera sikuizima. Zimebaki siku nne za kurekodi. Nimalize kwanza ndipo nimwambie, au nimwambie sasa anichukie?

Binti wa Mchoraji

Binti,

Nitakuwa mwongo nikisema sijakasirika. Filamu ni nzuri, nakuamini. Lakini ulimwona mama yako akisubiri wingu lisilokuwepo, ukaendelea kurekodi. Na hizo siku nne unazoniomba si zangu kukupa.

Najua pia unampenda. Asiyempenda asingejua anachora nini. Ndiyo maana nakujibu badala ya kuitupa barua yako.

Funga pazia leo hii. Kamera iache chumba kingine. Kaa karibu naye, mwambie alichosema daktari na lini alikisema, na habari ya wingu usiiruke. Akilia, usimbembeleze akusamehe haraka. Kesho mrudishe hospitali, na safari hii daktari aongee na mgonjwa mwenyewe.

Huenda akakwambia futa kila kitu. Futa. Huenda akasema fungua pazia tumalize. Huyo ni mchoraji, siwezi kumsemea. Lakini aseme akijua. Jicho lililobaki ni lake, na aamue mwenyewe atalimalizia kutazama nini.